Maneno ya Mama Kim

Kasiva Musau huandika maneno yanayosomwa juu ya picha katika filamu za hali halisi. Alianza na jarida la kanisa lao pale Kaloleni, na kwa miaka kumi na mmoja amewafuata watu wanaowahudumia wengine, akiwauliza swali moja: nini huwaamsha asubuhi? Wengi humjibu, Mungu.

Warigia, ambaye mtaani wote humwita Mama Kim, alijibu vingine. Mama huyu huwasafisha vidonda wagonjwa wa Mukuru kwa Njenga, halafu huomba nao. Kinasa sauti kikiwa kinaendelea, alisema, "Miaka miwili sasa naomba na sioni kama kuna anayesikia. Naomba kwa sababu wao wanataka."

Kasiva aliyaweka maneno hayo katikati ya filamu. Kisha wasiwasi ukamwingia. Filamu ingeonyeshwa Jumapili katika ukumbi wa kanisa, mbele ya jamaa za wagonjwa, na wagonjwa ambao wangeweza kuletwa. Je, wakimkataa Mama Kim? Na yeye Kasiva akiyaondoa, atakuwa ameandika nini ila uongo mtamu? Ijumaa alishindwa kuvumilia. Alimwendea Mama Kim, akamsomea maneno hayo kutoka kwenye karatasi.

Mama Kim alikuwa akikunja bendeji. Hakuinua macho.

"Soma tena."

Akasoma.

"Nilisema hivyo?"

"Ulisema, Mama. Ukitaka niyatoe, nayatoa leo."

Mama Kim alimaliza kukunja bendeji, akaiweka kando.

"Usitoe. Lakini wasisikie kwa filamu. Nitawaambia mwenyewe kwanza."

Jumapili Mama Kim akasimama mbele ya wagonjwa na jamaa zao, akawaambia. Kasiva, nyuma kabisa, alikuwa ameshikilia kiti cha mbele yake kwa mikono yote miwili. Familia moja iliondoka kabla filamu haijaanza. Nyingine ilituma ujumbe kesho yake kwamba imepata mtu mwingine wa kumhudumia mgonjwa wao.

Lakini mzee Mbaluka, aliyeletwa kwa kiti cha magurudumu, alipaza sauti palepale: "Mama Kim, Jumanne utakuja ama hutakuja?"

"Nitakuja, mzee."

"Basi wewe utaosha kidonda. Kuomba niachie mimi."

Tangu hapo Kasiva hamwandiki mtu bila kumsomea kwanza. Wengine hukataa, na kazi ya miezi hufia hapo. Bado hubisha mlango, karatasi mkononi.