Kesi Iliyosafiri na Mama Mkwe

"Siku mama mkwe akihamia kwangu, mimi nahamia kituo cha polisi." Msusi mmoja wa mtaani kwetu aliyasema hayo kwenye mkutano wa kikundi cha akina mama, kipaza sauti mkononi, akapigiwa makofi kuliko mwenyekiti. Tunamwita Vidole. Ukikaa kwenye kiti chake, hujamaliza kueleza unataka mtindo gani, nusu ya kichwa imeshasukwa.

Mwaka haukuisha, mama mkwe akateleza bafuni, akavunjika nyonga, akahamia. Polisi hawakupata mgeni. Aliyehama ni mume, fundi friji, ambaye ghafla aligundua kuwa friji za mji mwingine, mwendo wa siku nzima kwa basi, zinaharibika zaidi. Aliaga miezi michache. Miezi ikazaana. Kilichorudi ni hati ya kumwita Vidole mahakamani: fundi amefungua kesi ya talaka huko huko aliko, na anataka nyumba iuzwe wagawane.

Nyumba yenyewe, baraza ndiyo saluni, na chumba cha nyuma ndimo anamolala mama yake fundi.

"Talaka hata akitaka mbili nampa," Vidole aliwaambia wateja wake. "Lakini waje kuisikiliza hapa. Nisipokwenda, wataamua bila mimi na nyumba inakwenda. Nikiwa naenda kila wakiniita, nani atamgeuza mama kitandani?"

Karani wa mahakama ya mtaani alimweleza kwamba kesi inaweza kuhamishwa. Ila ombi husikilizwa na jaji wa mahakama ya juu, na mahakama ya juu iko kule kule kwa fundi.

"Yaani nisafiri kwenda kuomba nisisafiri?"

"Ndio utaratibu, dada."

"Aliyeutunga hana mgonjwa nyumbani."

Kwenye sababu za ombi aliandikisha moja tu: saluni. Karani akamwuliza kama hana nyingine, akasema hana. Kumtaja mama kwenye kesi ya kupambana na mwanawe aliona ni sawa na kumgeuza mgonjwa kuwa fimbo. Basi siku ikafika, na kwa kuwa hakuna wa kumwachia, wakapanda basi wote wawili. Mama alikaa kiti cha mbele juu ya mito miwili, akamkosoa dereva kila kona.

Mahakamani Vidole alimkalisha benchi la nyuma, karibu na mlango. Fundi alikuwa mbele na wakili wake, kijana mwenye suti iliyomzidi mabega, wala hakugeuka.

Wakili alianza kwa mbwembwe. Kusuka, alisema, ni kazi ya mikono, na mikono husafiri na mwenyewe. Kisha akamalizia: "Isitoshe, mheshimiwa jaji, mdaiwa hana mtu yeyote anayemtegemea pale nyumbani."

Vidole akainama, akatazama viatu vyake.

"Mwanangu," sauti ikatoka benchi la nyuma, "mwambie huyo kijana anayekusemea, mimi nakaa wapi."

Fundi akageuka. Ukumbi mzima ukageuka. Karani wa jaji akagonga meza, lakini hata yeye shingo ilikuwa imeshapinda.

"Bibi yule ni nani?" jaji akamwuliza fundi.

"Mama yangu mzazi, mheshimiwa."

"Anaishi na wewe?"

"Anaishi nyumbani."

"Nyumbani kwa nani?"

Fundi akamtazama wakili. Wakili akapata shughuli ya haraka kwenye mkoba wake.

"Kwa huyu," fundi akasema, akimwonyesha Vidole kwa kidevu.

"Na anayemwogesha na kumlisha?"

"Huyu."

Watu wakacheka, na jaji akawaacha wamalize. Akaandika kidogo, akasema kesi inahamia mahakama ya mji wa mdaiwa, na jalada litatangulia.

Nje, kwenye ngazi, fundi alikuja mikono mfukoni. "Mama, umeniaibisha mbele za watu."

"Sikuja kukuaibisha. Anayenilea aliitwa huku, nikamfuata. Ulitaka nibaki na nani?"

Fundi akatoa mikono mfukoni. Akamgeukia Vidole, sauti imeshuka. "Sasa nikija kwenye kesi, si nitafikia pale nyumbani?"

"Muulize mama."

"Vitanda viwili," mama akasema. "Kimoja changu, kingine cha mkwe wangu. Nishike mkono huu, mwanangu, ngazi hizi zina hila."

Akamshika. Walishuka watatu polepole, huku fundi akiuliza kama karibu na mahakama yetu kuna nyumba ya wageni. Ipo, inatazamana na geti. Chumba ni elfu ishirini na tano kwa usiku, chai haimo.