Neno la Mama Nisilolitafsiri

Harufu ya uzi unaoungua hunipandisha hasira mpaka leo. Katika soko la vitambaa la Zhongda, hapa Guangzhou, mama, aliyenunua vitambaa vya kuuza, alikuwa hadanganyiki kwa maneno matamu. Alichomoa uzi, akauwasha kwa kiberiti, akaunusa. Pamba huacha jivu laini. Nailoni hujikunja ikawa kidonge kigumu. "Laoban, bosi wangu, unanidanganya mchana kweupe," alisema, nikatafsiri, na muuzaji akacheka kwa aibu.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, mkalimani wa nyumba nzima. Likizo ile yote mzee mmoja wa Kijapani, mwongozaji wa filamu, alimfuata mama na kamera yake. Studio za kwao zilikuwa zimemfukuza kwa kuwa hakutaka waigizaji wala hadithi ya kuandikwa; alitaka watu wakiwa kazini mwao. Sifa yake kubwa ilikuwa kwamba humwonyesha kwanza filamu yule aliyepigwa picha, na mwenyewe akikataa, huifuta kabisa. Mama akaanza kuvaa vitenge vyake vya sikukuu kwenda sokoni. Ndugu zake wa Tanga walikuwa wakisema amekuja China kuzurura. Sasa wangemwona kazini.

Mzee alituonyesha filamu sebuleni kwetu. Mama alicheka kujiona ukutani, akajifunika mdomo kwa khanga, akacheka tena. Mzee akaniuliza kwa Kichina, "Mama yako anakubali?" Nilivyolelewa, swali la mgeni hupelekwa kwa baba kwanza. Nikampelekea baba.

"Mwambie aifute. Mke wangu si wa kuonyeshwa watu."

"Mbona mimi sijaulizwa?" mama akasema taratibu.

Hilo sikulitafsiri. Mtoto gani angelipitisha neno la mama juu ya la baba? Baba nilimkasirikia, na bado. Lakini yule mzee, bingwa wa kusoma nyuso za watu, alimwona mama akisema, asiulize amesema nini. Akafuta kila kitu mbele yetu, akainama kwa heshima, akaenda zake. Mama akaingia jikoni kuosha vyombo.

Mwaka jana filamu za yule mzee zilionyeshwa hapa hapa mjini. Yeye amekufa, mama pia, na sauti ya mama sina popote, wakati simu ya binti yangu imejaa video za paka. Msemaji mmoja akamsifu marehemu kwamba maisha yake yote hakumdhulumu hata mmoja kati ya aliowapiga picha. Ukumbi mzima ukapiga makofi. Nikasimama, nikawaambia kwa Kichina, neno kwa neno, alichosema mama siku ile sebuleni.