Siku Niliyomfunga Mdomo Serangi

Siku ile, mwanangu, naikumbuka kuliko hata siku ya arusi yangu, na mama yako asinisikie nikisema hivyo.

Nilikuwa nimetoka jandoni juzijuzi, kifua mbele, akili nyuma. Chai ilikuwa imeanza kufunika vilima vya huku Kericho, na sisi tuliozaliwa kwenye vilima hivyo tukawa tunaishi humo kwa ruhusa ya meneja wa shamba. Ikaja amri: baada ya siku tatu ng'ombe wetu wote watoke. Baba alikuwa na ng'ombe kumi na wawili, na sita kati yao ndio waliokuwa mahari yangu. Niliogopa, sikufichi.

Wazee wakaita kokwet, lile baraza la kijiji, kwenye nyasi kando ya mto. Akaja pia Ouma, fundi wa boila kiwandani, mtu wa ziwani. Wakati wa Vita Kuu alikuwa serangi katika meli ya vita ya Waingereza huko ziwani, msimamizi wa mabaharia wote weusi, na Kiingereza alikijua. Vita vilipokwisha akavishwa kipande shingoni, kile cheti cha kazi cha mtu mweusi, kama kengele ya mbuzi. Hapo ndipo alipoingia siasa, akawa anapita kambi hadi kambi akiwafundisha watu kudai haki yao kwa sauti moja.

Alisimama, akavua kofia. Kabla hajatamka neno nikaruka mbele: "Huyu si mwanaume! Kwao hawatahiri. Tangu lini mtoto anasema kwenye kokwet?"

Vijana wenzangu wakacheka. Ouma akavaa kofia yake, akaenda zake. Ah, mwanangu, heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi.

Mzee arap Koros, mkubwa wa baraza, hakupandisha sauti. "Wewe umepita jando," akaniambia. "Basi kesho enda wewe kwa DC, umwambie mambo ya ng'ombe kwa Kizungu."

Kizungu sikujua hata neno moja. Akaendelea:

"Nyumba inaungua, mtu ameleta maji, wewe unamuuliza rika lake! Enda umrudishe. Na uende peke yako. Hawa waliocheka watabaki hapa."

Nikashika njia ya kambini, aibu imenijaa mpaka masikioni. Nilimkuta Ouma anafua ovaroli yake.

"Mzee, nimekosa," nikasema.

Aliikamua ile nguo polepole. "Kijana, umenitukana mbele ya watu, na imeniuma. Lakini ng'ombe zenu zinatoka keshokutwa. Nikingoja hasira iishe, zitakuwa zimeenda. Twende."

Kesho yake alisimama mbele ya DC, sisi nyuma yake, akaongea Kiingereza mpaka karani akasahau kuandika. Tukaongezewa muda hadi mvua ziishe. Tukawahamisha ng'ombe taratibu kwa ndugu zetu wa Soin, na hakufa hata mmoja. Mimi nikaoa.

Kwa kutusemea, Ouma alifukuzwa kazi wiki ileile, akaamriwa arudi kwao. Nilimbebea sanduku lake hadi barabarani, na tulipofika nikalia. Akanicheka. "Lia tu," akasema. "Hata kwa meli tulikuwa tunalia." Sikumwona tena.

Mwanangu, mila zetu zishike, hata mimi sijaziacha. Lakini usizifanye fimbo ya kumpigia mgeni anayekuja kukusaidia. Akili ni nywele, kila mtu ana zake, na hujui zako zitakwama wapi. Ukimkosea mtu, mwendee siku hiyohiyo, kwa miguu yako mwenyewe, wala usitume mjumbe. Mimi nilisamehewa kwa sababu nilimpata mtu aliyewapenda watu kuliko heshima yake, na watu wa namna hiyo hawapatikani kila siku.

Mungu akupe mifugo na watoto. Akutilie baridi kwenye ulimi wako. Na akikuletea mtu kama Ouma, akujalie kumtambua angali amesimama mbele yako, kofia mkononi.