Mtani Ndani ya Shimo

Shemeji yangu Salima alikuwa mfupi, mweusi, na mbishi. Mbishi hasa! Ukimwambia leo Ijumaa, atakuuliza nani kakwambia. Kaka yangu Mshamu alimtoa kwao Umatumbini, milimani huko kusini, akamleta kwetu upande wa Chumbi, kwa Wandengereko, watani zake. Siku ya harusi tulimtania kwamba Wamatumbi hawajui wali. Akatujibu kwamba sisi hatujui kuupika. Nikasema moyoni, kaka kapatikana.

Harusi bado mbichi, ikaja operesheni. Serikali ilitutoa bondeni ikatupandisha juu, eti mafuriko yatatumaliza, na huku juu tutapata shule. Shule ilikuja kweli, sitaki kusema uongo. Lakini hakuna aliyeulizwa. Bwana mmoja alisimama juu ya lori akatangaza, "Serikali imesema," watu wakafunga mikeka yao. Salima peke yake ndiye aliyeuliza, "Imesema na nani?" Mshamu akamziba mdomo kwa kiganja. Enzi zile hayo hayakuulizwa.

Tulihama kulala tu, kulima hatukuhama. Kila msimu tulishuka bondeni, tukajenga madungu, vile vibanda vya juu ya miti, tukalinda mpunga usiliwe na nguruwe. Maji ya mto yakipungua, tunapanda mahindi kwenye tope lililobaki, ndiyo mlau wenyewe. Mshamu alipofariki, shamba lile la bondeni ndilo lililomlisha Salima na binti yake Mwanaamina. Kingine hakuwa nacho.

Sasa, mwaka mmoja baada ya uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi, maneno yakawa uwekezaji tu. Redio asubuhi inasema haki za raia, jioni inasema soko huria. Akaja mpimaji kutoka bara, Evaristo, kaletwa na tajiri mmoja wa Dar, aje apande bikoni bondeni, yale mawe ya mpaka. Mwenyekiti wetu wa kijiji, Mfaume, alikuwa keshakubali yeye na wajumbe wake. Bonde lile, walisema, ni pori, halina mtu. Pori! Walishuka wakati mpunga umevunwa na mlau haujapandwa, wakakuta madungu matupu, basi likawa pori.

Shimo la kwanza la bikoni lilichimbwa katikati ya shamba la Salima, kina chake magotini. Vijana wa mgambo walipogeuka kuchanganya saruji, Salima akatumbukiza miguu humo, akaketi, akajitanda khanga yake, akatulia.

Kwetu kila mtu alielewa. Kwenye msiba, mtani ndiye anayeingia kaburini maiti isizikwe, na akishaingia hatolewi kwa nguvu. Anabembelezwa, anapewa anachotaka, anatoka mwenyewe. Kumvuta ni kujitafutia mkosi. Wale mgambo, Wandengereko watupu, wakalaza makoleo chini.

Evaristo hakuelewa kitu. "Mama, toka. Unazuia kazi."

"Sijazuia kazi, baba. Nimezuia maziko."

"Maziko ya nani?"

"Ya shamba langu."

Evaristo akawageukia mgambo. "Mtoeni!"

"Huyu mtani, bwana," mmoja akamjibu, akijikuna kichwa. "Hatoleki."

Ikabidi aitwe Mfaume. Alifika anahema. "We Mmatumbi, toka humo! Serikali imeshasema."

"Imesema na nani? Mimi haijasema na mimi."

"Imesema na mimi, mwenyekiti wako!"

"Basi mmesemezana wenyewe kwa wenyewe."

Watu wakaangua kicheko. Mfaume naye kidogo kimponyoke, akakibana. "Haya, mtani, unataka nini? Kuku? Sukari?"

"Nataka mkutano."

Mfaume akakataa, akaondoka zake. Jua likampiga Salima mchana kutwa. Nilimpelekea maji huku naogopa, maana nilijua akikamatwa shamba limekwenda na yeye mwenyewe kaenda. "Shemeji, toka, watakufunga," nikamsihi. Akanywa, akanirudishia kikombe. "Wanifunge nimekaa," akasema.

Alasiri Mfaume akarudi, sauti imeshuka. Alisema ataita wakuu wa kaya, wanaume, walizungumze. "Na wewe, kwa kuwa ni mjane, atakusemea shemeji yako Tamimu."

"Tamimu? Huyu hata kwa mkewe hajisemei!"

Jamani! Mbele za watu! Nilitamani lile shimo niingie mimi.

"Mkutano wa kijiji ni watu wazima wote, wake kwa waume," Salima akaendelea. "Redio yenu hiyo hiyo ndiyo inayosema. Hamtaki, nifukieni."

Mfaume akamtazama, akawatazama mgambo wake waliokaa chini wanatafuna miwa, akasalimu amri. Ndipo Salima akanyoosha mkono avutwe, maana miguu ilikuwa imekufa ganzi.

Mkutano ulifanyika kwenye uwanja wa shule. Wanawake walikuja na watoto mgongoni, wengine kwa mara ya kwanza. Wanaotaka bonde likatwe apewe tajiri walipoambiwa wanyooshe mikono, ilionekana ya wajumbe tu, tena nusu nusu. Wanaokataa walipoitwa, uwanja mzima ukawa mikono. Evaristo akakusanya vyombo vyake, akaondoka. Msimu ule Salima alipanda mlau kama kawaida, na ndani ya lile shimo akapanda boga.

Alikufa mwaka ule watu walipoanza kupita juu ya daraja pale Ndundu, kivuko kikastaafu. Waliozika walikuwa wengi, hadi wa Kibiti na Ikwiriri. Tukafika makaburini, jeneza likatuliwa, mara namwona Mfaume, uenyekiti keshauacha, magoti mabovu, anateremka kaburini na kanzu yake. Akaketi.

"Hazikwi mtu hapa," akasema.

Wageni wakaguna. Nikamsogelea. "Mtani wake, unataka nini?"

"Nataka mkutano. Nani kasema azikwe? Mmesema na nani?"

Tukanyoosha mikono, wanaume wote, wengine wanacheka, wengine wanalia. Mfaume akatuangalia, akatikisa kichwa. "Haujatimia. Wanawake wako wapi?"

Kwetu wanawake hawaendi makaburini, walikuwa nyumbani kwenye msiba. Nikaenda mwenyewe, mbio, na uzee huu. Mwanaamina alikuwa mkekani, kazungukwa na wenzake. Nilipomweleza alicheka huku analia, akainua mkono wake juu, na wanawake wote mle ndani wakainua ya kwao.

Nikarudi. "Wameridhia," nikasema.

Mfaume akanipa mkono nikamvuta. Akapangusa udongo kwenye kanzu, machozi yanamtoka wala hayafuti.

"Haya," akasema. "Sasa serikali imesema."