Sauti ya Oluka Mlangoni

Watu wa Malaba wakimtaja mume wangu Egwang, wanaanza kwa kucheka. Wanakumbuka michezo ya kanisa pale Amagoro, alivyomwiga padri, chifu, mpaka mbuzi wa chifu. Mwaka wa 1971 redio ikamchukua. Akawa mlevi, hakimu, bibi harusi, wote peke yake. Baadaye wakaja watu wa filamu za chakula kutoka Nairobi: namna ya kuanika muhogo, namna ya kuhifadhi wimbi. Walimpenda kwa kuwa alijua kula. Atap, ugali wetu wa wimbi na muhogo, aliula mara saba mbele ya kamera, na mara ya saba watu bado walimeza mate.

Mimi sikumeza. Nilijua nyumbani siku hizo mama yake hali kitu.

Mdogo wake Oluka alikuwa tanboi, msaidizi wa dereva wa lori. Mwaka wa 1977 walivuka mpaka kwenda Kampala. Dereva alirudi peke yake, akasema askari walimshusha kijana njiani. Maiti hakuna, kwa hiyo matanga hakuna. Wazee walikataza watu kulia. Mama yao Amongin, ambaye alikuwa haoni tena, alisukuma sahani akasema atakula Oluka akirudi. Siku ya tisa alikuwa mifupa mitupu.

Majirani wakamwambia Egwang, wewe si unajua sauti zote? Nilimkataza. Nilimwambia michezo yako ya redio ina mwisho, huu utaumalizia wapi? Alizunguka boma, akasimama mlangoni kwa mama yake.

"Mama, nimerudi. Nina njaa."

Alikuwa Oluka kabisa. Mama alikula akilia, mkono mmoja kwenye sahani, mwingine umemshika mwanawe.

Tangu hapo kila siku saa saba mchana Oluka alikuja kula. Akiwa Egwang mwenyewe, mume wangu hakukanyaga tena nyumba ile. Aliogopa akikosea sauti mara moja tu, mama atajua. Alikataa kazi za kwenda Nairobi. Kule Angurai, wakipiga filamu ya njugu, mwenye kamera alimwita "Egwang" mara tatu, asiitike. Kwangu alianza kuota kwa sauti ile. Niliogopa, jamani. Nilikuwa mke wa mtu, na nikilala nasikia shemeji yangu aliyekufa akiongea kwenye mto wangu.

Mwaka wa 1979 mama alizidiwa. Tulikuwa watatu tu chumbani.

"Oluka," alisema, "wewe umenitunza. Lakini ndugu yako, tangu urudi, hajaingia humu hata siku moja. Nilimkosea nini? Mwite, nimsikie kabla sijaenda."

Egwang alifungua mdomo. Nilimtikisia kichwa: sema, sema sasa. Aliitafuta sauti yake mwenyewe, haikuja.

"Yuko njiani, mama," Oluka akamjibu.

Mama alimngoja mpaka Jumanne, kisha akafa.