Kichwa Bado Kipo?

Kwenye mashindano ya ndondo, mpira wa mitaani na vijijini huku bondeni, mchezaji wa kukodiwa anaitwa mamluki, na hakuna anayeona ubaya kuitwa hivyo. Timu ya kijiji ikiingia nusu fainali, ikatazama mabeki wake na kuona ni wakulima waliochoka na palizi, inampigia simu mamluki. Mimi ndiye niliyekuwa napigiwa. Niliondoka Ifakara na begi moja kwenda kucheza Morogoro, na tangu hapo nimevaa jezi za Songea, Mtwara, Shinyanga, Iringa, Mtwara tena, na msimu mmoja wa Ligi Kuu ambao niliumaliza benchi nikishangilia kuliko mashabiki ili kocha akumbuke kwamba nipo. Sikuwa na kasi. Mguu wa kushoto ulikuwa wa kupandia ngazi tu. Nilichokuwa nacho ni kichwa. Mpira wa juu ukiingia kwenye boksi letu ulikuwa wangu, na karibu kila kocha aliyenisajili alinigonga paji la uso kwa kidole akaniambia ugali wako uko hapa. Nilikuwa nacheka sana.

Kugongwa ilikuwa sehemu ya kazi. Unaruka, unagongana na mwenzako, unaona giza, unamwagiwa maji ya baridi, unainua kidole gumba, mechi inaendelea. Hakuna aliyeniambia kwamba yale magiza yanajumlishwa. Niliporudi nyumbani Ifakara, mtaa wa Viwanja Sitini, ligi ziliponichoka nami nikazichoka, nikaanza kupotewa na vitu vidogo. Nilikuwa namwomba mke wangu kijiko huku nachora umbo lake hewani, kwa sababu jina lilikuwa limetoroka. Yeye alicheka, akadhani ni utani wangu wa kawaida. Nami nikamwacha adhani hivyo.

Kisha ikaja asubuhi ya darajani. Nilikwenda Kivukoni kwa baiskeli kununua samaki, nikanunua, nikafunga mfuko kwenye usukani, nikapanda mpaka barabarani na kusimama penye daraja. Sikujua nyumbani ni upande gani. Mto ule nimeuvuka tangu enzi za pantoni, nikiwa nimeshika sketi ya mama, na sasa nilikuwa nautazama kama mgeni aliyeshushwa na basi. Jua lilikuwa linawaka na mimi nasikia baridi mgongoni. Ningemuuliza nani? Mtu wa Ifakara anaulizaje njia ya kwenda Ifakara? Nilijifanya nakagua mnyororo wa baiskeli mpaka akapita mama mmoja mwenye ndoo ya samaki kichwani. Nikaanza kumfuata kwa nyuma, nasukuma baiskeli, nikijiambia mwenye samaki lazima anakwenda sokoni, na sokoni nitakumbuka. Aligeuka mara kadhaa kunitazama, kama mtu anayenijua. Tulipofika mjini kila kitu kikarudi mahali pake, na nyumbani nikasema wavuvi walichelewa kutoka.

Hiyo siri niliilinda kuliko nilivyowahi kulinda goli lolote. Wakati ule nilikuwa nimeshachukuliwa na timu ya mjini, inayofadhiliwa na mzee mmoja mwenye duka la jumla, ambaye baba yake alitoka pwani kuja kufanya biashara ya mchele. Msimu uliotangulia nilikuwa nimechezea wavuvi wa Kivukoni, wale wa jezi za bluu. Hivyo ndivyo mamluki anavyoishi. Fainali ikatukutanisha na haohao wavuvi, na watu wakanitania wiki nzima kwamba nisije nikasahau niko upande gani. Kila nikiusikia utani huo nilicheka kuliko wote.

Nakumbuka kona. Nakumbuka kuruka, na bega la mtu likija upande wa sikio langu.

Baada ya hapo nakumbuka niko nyuma ya pikapu, nimelazwa kati ya magunia matupu, nahodha wetu amenikandamiza shingo nisiinue kichwa. Kitu kilikuwa kinapiga ubavu wa gari, paa, paa, na watu wanapiga kelele. Nilidhani tumeshinda na wanatusindikiza. Nikamuuliza nahodha ngapi ngapi. Akanitazama, machozi yanamtoka, akasema, "Kaka, kwa nini umetufanyia hivi?" Ndipo nikayasikia maneno yenyewe kutoka nje. "Kauza mechi huyo! Mshusheni!" Yale yalikuwa mawe. Nilishika gunia kwa mikono miwili na kumwomba Mungu gari lisizimike.

Kesho yake video ilikuwa kwenye kila simu ya mji. Mke wangu aliniwekea, tukatazama tumekaa kitandani mchana kweupe, mlango umefungwa kwa komeo. Nilijiona nimelala chini. Nilijiona namwagiwa maji, nainuka, nainua kidole gumba. Mpira unakuja, nautuliza kifuani, nainua macho, napiga pasi safi, pasi ambayo sijawahi kuipiga Shinyanga wala Mtwara, inamkuta mshambuliaji wa bluu peke yake na kipa wetu. Anafunga. Na mimi natoka mbio nimefungua mikono, namkumbatia, naruka mgongoni kwake kwa furaha, naye amesimama mikono inaning'inia, hajui anifanye nini. Sikumbuki hata kipande kimoja cha yale. Nilikuwa namtazama mtu mwenye uso wangu akifurahi, na niliogopa kuliko nilivyoogopa mawe.

"Mtu aliyeuza mechi hashangilii," mke wangu alisema polepole. "Wewe ulidhani uko na wale wa mwaka jana."

Nikamfokea. Nilimwambia anyamaze, mambo ya mpira hayajui, na kama ni hodari wa kujua aende yeye akacheze. Alizima simu, akaenda kuchambua mchele.

Alikuwa amesema kweli, na ukweli huo ndio ulionitisha. Nilijua timu zinavyofikiri, maana ndizo zilizonilea. Beki aliyeuza mechi anatukanwa, anafukuzwa, baada ya muda anapigiwa simu tena na mtu wa mbali aliyekwama. Lakini beki wa kichwa ambaye kichwa chake kimeharibika hapigiwi simu na mtu yeyote, na mimi kazi nyingine sikuwa naijua. Zaidi ya hapo, ningelisema jambo lile kwa mdomo wangu, lingekuwa limeshatokea. Nikiwa nimenyamaza, lilikuwa bado la kuogopwa tu.

Viongozi waliniita kwenye stoo ya mfadhili, katikati ya magunia ya mchele. Nahodha alikuwepo, hakunitazama. Nilitoa shikamoo, mzee akaitikia marahaba yake kwa upole, na upole ule uliniuma kuliko matusi.

"Mwanangu," alisema, "sisi tunataka kujua tu. Uliumia, au uliuza?"

Alikuwa amenifungulia mlango, na nilimwona akingoja nipite.

"Niliuza, mzee."

Mzee akasema, "Basi. Angalau umesema ukweli." Nilitoka nje nikiwa mwepesi kama mtu aliyetua mzigo, na barabarani nikasimama nikajiuliza ni mzigo gani huo unaotuliwa kwa kuitwa mwizi.

Haikupita wiki simu ikalia. Tulikuwa uani, mke wangu anageuza mpunga kwenye turubai. Aliyepiga alikuwa mwenyekiti wa timu moja ya Masagati, kule mbele ya Mlimba, sauti inakatika kwa upepo.

"Kamanda! Tumezisikia habari zako," alisema huku anacheka. "Usijali. Sisi hutatuuza, maana tutakupokea stesheni Mlimba wenyewe, na utalala kwangu mpaka mechi iishe. Nina swali moja tu. Kichwa bado kipo?"

"Kipo," nilisema.

"Safi kabisa. Basi Ijumaa—"

Mke wangu alikuwa amesimama mbele yangu amenyoosha mkono, vumbi la mpunga mpaka kwenye kiwiko. Nilitikisa kichwa kukataa. Hakuushusha. Sijui ni kwa nini nilimpa ile simu. Labda nilichoka kuogopa peke yangu.

"Shikamoo, baba," alisema, akangoja aitikiwe. "Mimi ni mke wake. Huyu hakuuza mechi. Aligongwa akasahau yuko timu gani. Kichwa chake kimeumia, kimeumia siku nyingi. Hatakuja."

Nilitega sikio. Nilitaka yule bwana abishe, aseme wanawake mna woga, aombe hata kipindi cha pili tu. Nikiwa mwizi alikuwa tayari kunifuata mpaka stesheni.

"Aa," ilisema ile sauti. "Pole sana, mama. Mpe pole." Ikakatika.

Nilibaki nimesimama juani, kwa sababu sasa lilikuwa limesemwa na mtu wa Masagati alikuwa amelisikia. Mke wangu alijifuta mikono kwenye khanga, akachukua mkoba, akaviweka viatu vyangu mbele yangu.

"Tunakwenda hospitali," alisema. "Mimi natangulia, wewe unifuate kwa nyuma. Kama ulivyomfuata yule mama wa samaki."

Habari ya mama wa samaki mimi sikuwahi kumwambia; kumbe yule mama alikuwa ameshamsimulia. Nilivaa viatu nikamfuata.