Aliyeitikia Namba Kumi na Nne

Tulimkuta saa mbili asubuhi, amekaa. Mgongo umeegemea jiwe, miguu imenyooka, kiatu cha kulia amekivua na kukiweka pembeni vizuri, soksi ndani yake. Kifundo kilikuwa kimevimba. Mvua ilishakatika, nguo zimemloa zote, na baridi ya usiku kule juu inaua. Askari wa msitu alimgusa shingoni, akaondoa mkono, akaangalia kando. Mie nilichukua kile kiatu nikajaribu kumvalisha. Sijui kwa nini. Nililegeza kamba zote, mguu haukuingia, nikakibeba mkononi mpaka chini. Mgongoni kwenye kizibao chake kulikuwa na namba kumi na nne, kitambaa cha njano, ameishona mwenyewe.

Kutoka pale hadi barabarani, mahali basi letu lilipoegeshwa jana yake, ni dakika arobaini kwa mtu mwenye miguu mizima.

Sikulia. Watu walisema mie afande nina roho ngumu. Wala sio ugumu. Nilijitafuta ndani nikakuta hakuna kitu, na hata sasa naandika haya hakuna kitu. Mie nimesoma mpaka darasa la saba, kuandika kwangu ni kwa shida, lakini haya nimeyashika.

Jeshini nilikaa miaka kumi na tisa, nikafika sajenti. Goti likaharibika, nikatoka. Nilibaki kuishi Gongo la Mboto kwa sababu ndiko nilikozoea, nikakodi fremu ya biashara Manzese, nikanunua cherehani mbili nikaanza kushona mabegi ya safari. Maturubai ya malori yaliyochakaa nilikuwa nanunua kwa madereva, naosha, nakata. Begi langu lilikuwa halipitishi maji. Kushona penyewe nilikuwa najua kidogo tu, ndiyo nikamchukua yeye, mama mmoja wa Newala anayekaa Chanika na mama yake mzazi. Alikuwa na miaka arobaini na kitu, mume alishamwacha siku nyingi. Mie nilimwita fundi, yeye aliniita afande. Siku ya kwanza alichukua begi nililoshona mwenyewe, akaligeuza ndani nje, akasema, "Afande, mishono yako imelala chini kama kuruta aliyechapwa." Akafumua yote.

Hiyo kazi ya mabegi ndiyo iliyonitoa kwenda milimani. Waliokuwa wananunua wakawa wananiomba niwaongoze, nikawa naongoza. Kisha ikaja kamati ya Chanika. Walitaka kujenga wodi ya wazazi, kwa hiyo watu watembee, na kila anayetembea awe na ndugu na marafiki wanaomchangia. Mara ya kwanza tulipanda vilima vya Pugu, tukarudi salama. Mara ya pili hivyohivyo. Mara ya tatu mwenyekiti akasema Pugu imekuwa ndogo, twende Uluguru, siku mbili, tulale huko juu.

Jina la mwenyekiti siandiki. Kila mtu Chanika anamjua mwenye duka la nondo na saruji aliyekuwa anaongoza ile kamati. Huyohuyo.

Fundi alisema na yeye atakwenda, mama yake alijifungulia njiani akimzaa mdogo wake na mtoto akafa, kwa hiyo wodi ni ishu yake. Nilimwambia mlima si kukaa kwenye cherehani. Akanijibu, "Mie nakanyaga cherehani kutwa nzima, miguu yangu inakushinda wewe na hilo goti." Akashona vizibao vya watu wote ishirini na wawili. Cha kwake alikishona mwisho, kitambaa cha njano kikapungua, ile nne ikakaa upande.

Kupanda hakukuwa na tabu. Waliimba, walinitania kwamba hapa hakuna vita, nipunguze kuangalia vichaka. Kesho yake asubuhi tukaanza kushuka, mvua ikatushika, utelezi kila mahali. Mie nikatangulia kuchagua njia. Mwenyekiti nilimpa kazi moja tu, awe wa mwisho. Nilimweleza mbele ya watu wote kwamba wa mwisho hampiti mtu, mtu akikaa na yeye anakaa.

Saa sita mchana nilikuwa barabarani. Watu wakaanza kufika mmojammoja, wameloa. Mwenyekiti akafika, na nyuma yake bado wakaja wawili, hapo nilipaswa kushtuka. Nilimuuliza, akasema hao walisimama kujisaidia, nyuma yao hakuna mtu. Alikuwa na haraka. Jioni mgeni rasmi alikuwa anatungoja uwanjani Chanika na wapiga picha.

Sasa jeshini kuna kuhesabu namba. Mnasimama mstari, kila mtu anataja yake, na anayeongoza anamtazama mtu usoni anapoitaja. Namba bila uso haihesabiwi. Nililijua hilo kuliko kitu kingine chochote maishani mwangu. Lakini mwenyekiti alishafungua mlango wa basi, akawaambia wapande wasiendelee kuloa, wengine wakawa ndani, wengine nje. Akaniambia, "Afande, hesabu hapohapo, sio makuruta hawa." Nikahesabu nimesimama mlangoni. Moja, mbili, tatu. Ilipofika kumi na nne, sauti ya mwanamke ikatoka ndani ya basi, kumi na nne. Tukaendelea mpaka ishirini na mbili. Hesabu ikatimia.

Tulipofika Chalinze tukasimama kugawa chakula. Ilikuwa mifuko ishirini na miwili, chapati mbili na yai. Mfuko mmoja ukabaki. Nilisimama nao mkononi katikati ya basi nikauliza fundi yuko wapi. Nikasema tugeuze. Mwenyekiti akasema huyo mama atakuwa amechukua usafiri mwingine, au amebaki kwa mambo yake, mgeni rasmi hawezi kungojeshwa. Nikashuka na ule mfuko, nikavuka barabara, nikapanda basi la kurudi Morogoro. Nilianza kupanda na askari wawili wa msitu saa kumi na moja. Mvua ikarudi, giza likatukuta, wakasema tungoje pakuche. Asubuhi ni hiyo niliyoanza nayo.

Msibani mwenyekiti alikuja na turubai na viti. Kwenye kikao alisema mie ndiye niliyehesabu vibaya. Sikukataa. Lakini alisema na la pili, kwamba marehemu alijitenga na wenzake kwa hiari yake. Alilisema kwa sauti ya upole. Watu wa mtaani wakamalizia wenyewe, kwamba alibaki na mwanaume huko msituni, mmoja wa wabeba mizigo wa kule mlimani. Likafika kwa mama yake kabla ya arobaini. Mama yule ni mtu mzima, anaswali, hana mtoto mwingine. Nilipomwamkia shikamoo hakuitika kwanza, aliniuliza kama ni kweli mwanawe alibaki mwenyewe. Nilimwambia si kweli. Akauliza, kama si kweli, kwenye hesabu nani aliitika?

Niliwazungukia wote waliokuwa kwenye basi lile. Hakuna aliyesikia. Watu ishirini, basi moja, hakuna aliyesikia.

Ikapita miaka miwili. Wodi ilishafunguliwa, sikualikwa. Goti likanisumbua, nikaenda zahanati moja Chanika, tukapewa vikadi vya foleni. Nesi akaita thelathini na moja, kimya. Akaita tena. Nyuma yangu mwanamke akajibu, "Thelathini na moja yupo nesi, ametoka kidogo kununua maandazi." Aliongea kwa wema kabisa, kama tunavyosaidiana kwenye vikao na mashuleni, mtu asikose zamu yake au kulipishwa faini. Mie sikugeuka mara moja. Nilikuwa nimeshaijua ile sauti.

Alikuwa katibu wa kamati, mwalimu wa shule ya msingi. Siku ile alivaa namba kumi na tano, aliitaja mara tu baada ya kumi na nne, na mie kwenye ile mvua sikutofautisha. Nikahamia benchi lake. Akaniamkia, nikaitikia, nikamwambia, "Mwalimu, ni wewe."

Hakuniuliza ni yeye nini. Alikunja kile kikadi mpaka kikawa kama njiti.

"Niliona kizibao kinaelekea kule nyuma ya basi, nikadhani ni yeye anakwenda haja," akasema. "Mwenyekiti alikuwa anafoka. Nikaona nimsitiri asigombezwe."

"Ulimwambia nani?"

"Mwenyekiti. Palepale Chalinze, mfuko ulipobaki. Na yeye akaniambia kule juu alimpita amekaa anafunga kamba ya kiatu, akajua atafuata."

"Halafu?"

"Baada ya msiba akasema tunyamaze, lawama ikae kwako, wewe ni mwanajeshi, umezoea watu kufa."

Nesi akaita namba yangu. Nikaingia, nikachomwa sindano ya goti. Nilipotoka mwalimu hayupo.

Nilikwenda moja kwa moja kwa yule mama nikamweleza. Kwanza nikasema la kwangu, kwamba nilipokea namba bila kuona uso, na hilo halina mwingine. Kisha nikasema ya mwalimu na ya mwenyekiti. Alisikiliza mpaka mwisho. Kile kizibao anacho, amekifua, amekikunja juu ya kabati. Akaniambia maneno yangu majirani watasema najitetea. Anataka mwenyekiti na mwalimu wayaseme wenyewe, mchana, majirani wakiwepo, kwamba mwanawe hakubaki na mtu. Nimempigia mwenyekiti mara nyingi, hapokei. Mwalimu anasema atakwenda mwenyekiti akitangulia.

Mwenyekiti, duka lako haliko mbali na nyumba ile. Siku ya kufungua wodi ulipita mlangoni kwake na gari. Nenda, vua viatu, kaa kwenye mkeka, sema ulimpita na ulijua. Mwalimu, na wewe nenda, usimngoje mtu, sema namba ile uliitaja wewe. Mie nimeshakwenda, na nitakuwepo tena. Siku nilipoaga, yule mama alinisindikiza mpaka mlangoni, akatazama njia, akauliza, "Wewe umekuja. Wenzako wako wapi?"

Mjibuni.